Kibali cha Kucheza Wawili

Libérat Nzikobanyanka alikuwa fundi wa matofali, na tenisi ilimwingia kwa njia ya udongo. Mwaka 1988 Padri Salvatori, Mfipa aliyesomea Ulaya miaka saba, aliletwa kwenye parokia ya makazi ya wakimbizi nje kidogo ya Mpanda akiwa na shahada moja, raketi mbili na goti bovu. Waumini walikuwa wanaomba kisima. Padri aliwaeleza kwamba kisima kitakuja kwa wakati wake, ila kwa sasa vijana wanahitaji mchezo unaofundisha adabu, na mchezo wenyewe unahitaji uwanja. Libérat akaitwa, akaulizwa kama anaweza kutengeneza sakafu ngumu isiyo na vumbi, yenye urefu wa mita ishirini na nne na upana wa mita kumi na moja. Akajibu kwamba sakafu ya aina hiyo kila mama anayo uani kwake, ila siyo kubwa kiasi hicho. Alivunja vichuguu vitatu, akachekecha udongo, akaumwagia maji na kuushindilia kwa gogo la mninga mwezi mzima. Ulipokauka, watu walikuja kuugonga kwa visigino na kusikitika kwamba sakafu ya kanisa haikuwa nzuri hivyo.

Vijana walikuja mara moja tu. Waliambiwa wavae nguo nyeupe na viatu, wakarudi kwenye mpira wa miguu. Padri akabaki na raketi mbili na hana mtu. Akamtazama Libérat, aliyekuwa ameinama anapaka mistari ya chokaa.

"Shika hii."

"Padri, mimi ni fundi."

"Na Mtakatifu Yosefu alikuwa fundi. Shika."

Wapinzani walikuwa masista wawili wa zahanati, Sista Kalista na Sista Immaculata, waliocheza na magauni yao marefu na hawakuwa na huruma hata kidogo. Kwa sababu ya goti, Padri alisimama karibu na neti akiulinda mchezo kwa sala. Libérat alipewa sehemu iliyobaki, yaani uwanja wote. Kwa miaka mitatu alijifunza jambo ambalo wachezaji wengi hawalijui: hakuutazama mpira, alimtazama mwenzake. Alijua kosa litatokea wapi kabla Padri hajalitenda, akawa keshafika. Jioni alirudi nyumbani akiwa amelowa jasho kama mtu aliyefyatua matofali elfu.

Mkewe Joséline alikuwa amebeba kuni kichwani, na mtoto wao Emelyne mgongoni.

"Baba Emelyne, huo mpira unaliwa?"

"Hauliwi."

"Unachomwa, ukajengewa?"

"Hapana."

"Ego," akasema Joséline, yaani ndiyo kwa Kirundi, na kutua kuni. "Basi nikishajua hivyo, sitauliza tena." Aliuliza tena kila wiki.

Mwaka 1991 Padri alihamishiwa seminari, akamwachia Libérat raketi moja na baraka. Mambo yangeishia hapo kama mwaka uliofuata asingekuja Mkuu mpya wa makazi, Bwana Makoye.

Ili uelewe uzito wa mtu huyu, ujue kwamba wakazi wale walikuwa wamekimbia Burundi mwaka 1972, wakapewa ardhi na majembe, na tangu hapo walilima mpaka wakawalisha hata waliowapokea. Walichokosa ni ruhusa ya kutoka. Ukitaka kupeleka maharage soko la Mpanda, kibali. Ukitaka kumzika shangazi yako kwenye makazi mengine, kibali. Na kibali kilitiwa sahihi na mtu mmoja, kwa kalamu moja, na kugongwa mhuri uliolala kwenye droo moja yenye kufuli.

Bwana Makoye hakuwa mtu mbaya. Alikuwa amechoka. Alikuwa amekaa porini miaka kumi na moja, akihamishwa kutoka pori moja hadi jingine, na alikuwa amesikia kwamba kule Sumbawanga, makao makuu ya mkoa wetu enzi hizo, uhamisho wa maana haujadiliwi ofisini bali uwanja wa tenisi. Siku alipouona uwanja wa kichuguu alivua kofia. Wiki iliyofuata alikuja amevaa kaptula nyeupe ya mtumba, tumbo likimtangulia kufika kwenye neti.

Mchezo wake ulikuwa na maneno mawili. Mpira ukija, alipaza sauti, "Wangu!" Ukishampita, alisema, "Wako!" Kati ya maneno hayo mawili Libérat alikuwa na nafasi ya kama kupepesa jicho, na hiyo ilimtosha. Masista walifungwa na Makoye wiki mbili mfululizo, na Makoye akaamini kwamba ana kipaji kilichochelewa kugunduliwa.

"Liberati," akasema, "mimi na wewe tutaingia Kombe la Watumishi, Mpanda mjini."

"Mkuu, mimi siyo mtumishi."

"Utakuwa."

Jumatatu ilitoka barua ya kumteua Libérat kuwa Msaidizi wa Muda wa Neti na Mistari, bila mshahara. Kwa kuwa mwaka ule watumishi wengi walikuwa hawajauona mshahara, hakuna aliyeona ajabu. Walishinda Kombe la mwaka 1993 bila kupoteza hata seti moja. Msoma majina alipofika kwa washindi alisoma vizuri "Bwana Makoye," kisha akatazama jina la pili, akasogeza karatasi, akaisogeza mbali zaidi, akamalizia, "na mwenzake." Nzikobanyanka kwa Kirundi ni kama kusema "najua kwamba wananichukia", lakini siku hiyo hakuna aliyemchukia Libérat, walishindwa tu kumtamka. Makoye alipewa saa ya ukutani, na mwenzake akapewa miche sita ya sabuni. Joséline aliipokea ile sabuni kwa mikono miwili na kusema kwamba sasa anaanza kuuelewa mchezo.

Mwaka wa pili walishinda tena. Ila mwaka huohuo mama yake Joséline alifariki kwenye makazi mengine, mwendo wa siku nzima. Libérat alikwenda ofisini asubuhi kuomba kibali cha yeye na mkewe. Karani akamwambia Mkuu ana kikao. Alirudi mchana, Mkuu amekwenda kula. Siku ya tatu akaonana na Mkuu mwenyewe, akapewa pole nyingi za kutoka moyoni na kuambiwa msiba umechelewa kuombewa, asubiri wiki ijayo. Alhamisi ya wiki hiyohiyo kibali cha kwenda kufanya mazoezi Mpanda mjini kilimfuata nyumbani kwa baiskeli, kimepigwa taipu nakala tatu.

Joséline alikichukua, akakisoma chote mpaka mhuri.

"Ungemwambia Mkuu kwamba mama alikuwa mchezaji," akasema.

Libérat alikipokea, akakikunja. Alikwenda Mpanda, akashinda mazoezi, na kwa mara ya kwanza aliona aibu kushinda.

Mwaka 1995 ukaja mwaliko wa Sumbawanga. Makoye alikaa mbele na dereva wa Landrova, Libérat nyuma kati ya magunia na raketi. Walipopita Sitalike na kuingia hifadhini, mbung'o waliingia madirishani bila kibali chochote na kuwauma wote kwa usawa. Makoye akiwa anajipiga shingoni aligeuka nyuma.

"Liberati, keshokutwa tutafika fainali, na fainali tutakutana na Bwana Silvesta."

Bwana Silvesta alikuwa mkubwa wa idara moja pale mkoani, idara ambayo sitaitaja maana nimeibuni mwenyewe. Yeye ndiye aliyependekeza nani ahamie wapi.

"Sawa, Mkuu. Tutajitahidi."

"Hujanielewa. Tunafungwa."

"Anacheza vizuri hivyo?"

"Anacheza vibaya sana. Tunafungwa kwa sababu za kikazi. Ila kwa heshima! Siyo sita kwa sifuri, atajua. Sita kwa nne, sita kwa nne. Wewe usikimbie. Simama tu. Ukisimama wewe, mimi najiamini nitafungwa."

Libérat aliona maneno hayo yana ukweli ndani yake, akakubali.

Uwanja wa Sumbawanga uko juu, kwenye baridi, na upepo wa Ufipa siku ile ulikuwa unavuma kutoka upande wa Bwana Silvesta kama mtu anayepuliza uji. Libérat alisimama kama alivyoagizwa. Mipira yote ikamwendea Makoye. Na Makoye, kwa moyo wake wote, aliipiga kwa nguvu ili itoke nje ya mstari wa mwisho. Ilipaa, ikavuka kichwa cha Bwana Silvesta, naye akaiachia akisema "Nje!" Ndipo upepo uliposhika kila mpira, ukaurudisha, ukauweka taratibu juu ya chokaa.

"Ndani," akasema mwamuzi. Mwamuzi alikuwa mwalimu mstaafu, hatafuti tena cheo chochote duniani.

Makoye alianza kutoa jasho kwenye baridi ile. Akaacha nguvu, akajaribu kuupiga mpira kwenye neti. Ukagonga utepe wa juu, ukafikiri kidogo, ukaangukia upande wa pili. Alimnong'oneza Libérat, "Fanya kitu!" Lakini kwa miaka mitatu kila amri ya Mkuu uwanjani ilikuwa na maana moja tu, kukimbia, na miguu ya Libérat ikaondoka yenyewe kabla kichwa hakijaikumbusha makubaliano. Wakashinda seti ya kwanza saba kwa tano. Pointi ya mwisho ya seti ya pili ilikuwa zamu ya Makoye kuanzisha. Akakusudia kukosea mara mbili. Mara ya kwanza aliweza. Mara ya pili mpira uligonga jiwe dogo ndani ya boksi la Bwana Silvesta, ukapita pembeni ya miguu yake kama panya. Sita kwa nne, kama ilivyopangwa, ila upande siyo wenyewe.

Katika watazamaji wote, aliyepiga makofi ni mpishi mmoja tu, naye alitazamwa akaacha.

Bwana Silvesta alijifuta uso, akamwita Makoye kwenye meza ya chai. Libérat alisimama hatua tatu nyuma, amebeba raketi zote nne.

"Makoye, umecheza kama mtu anayetafuta kazi nyingine."

"Mheshimiwa, ni upepo."

"Upepo naujua, nimezaliwa nao. Huyu ni nani?"

"Msaidizi wangu wa Neti na Mistari."

Bwana Silvesta alitaka kumpima. Akaita dereva wake, kijana mwepesi, akaamuru Libérat acheze naye peke yake. Libérat hakuwahi kucheza peke yake maishani. Alisimama kushoto, akaacha kulia pote wazi kwa ajili ya mtu ambaye hakuwepo, na kila mpira ulipokwenda kulia aligeuka kumtazama huyo mtu. Alifungwa sita kwa moja. Bwana Silvesta alifurahi mno.

"Huyu ni wa wawili tu! Hana makuu ya peke yake. Abaki hapa, mwezi wa nane tuna mashindano ya kanda Mbeya, nicheze naye."

"Mheshimiwa, kibali chake kinakwisha Jumapili."

"Kiongeze."

"Kinaongezwa ofisini kwangu, Mheshimiwa. Kwa fomu. Na mhuri uko kwenye droo." Makoye aliyasema hayo kwa unyonge, kisha akasikia mwenyewe alichokisema. Akakaa vizuri kwenye kiti. Akaongeza sukari kwenye chai. "Na mimi nikibaki kule porini, Mheshimiwa, sijui kama nitakuwa na nafasi ya kushughulikia kila fomu kwa haraka."

Waliongea nusu saa. Vikombe vilipokwisha, Makoye alikuwa Afisa Mwandamizi mkoani, kwa barua iliyopigwa taipu palepale, na Libérat alikuwa mtu wa Bwana Silvesta kwa siku tisini. Hakuna aliyegeuka kumuuliza. Alikuwa amesikia kila neno, na zile raketi nne zilianza kumwelemea kama kapu la tofali mbichi. Alikumbuka siku tatu alizosimama mlangoni pa ofisi kwa ajili ya mama mkwe. Hizi siku tisini zilikuwa zimepatikana kwa kikombe kimoja.

Makoye alirudi Mpanda Ijumaa hiyo kufuata mhuri. Libérat akapewa chumba nyuma ya nyumba ya wageni na blanketi zito. Jumapili alfajiri tarishi wa Bwana Silvesta alimkuta anafunga kifurushi chake.

"Mheshimiwa anakusubiri uwanjani baada ya misa."

"Mwambie namshukuru. Kibali changu kinakwisha leo saa kumi na mbili jioni, na barabara ni ya siku nzima."

"Kinakuja kingine!"

"Kikija kinikute nyumbani. Nikicheza bila kibali nitakuwa nimevunja sheria, na Mheshimiwa atakuwa shahidi wa kwanza. Sitaki kumtia katika hilo."

Tarishi alitafuta kosa katika maneno hayo, hakuliona. Libérat alipanda lori la viazi, kisha akabadilisha Usevya na kukaa juu ya magunia ya mpunga. Dereva alipokuwa anafunga turubai, Landrova ilipita kasi kuelekea Sumbawanga, Makoye akiwa dirishani na bahasha kifuani. Walitazamana. Libérat aliinua mkono kwa heshima. Makoye alifungua mdomo kama anataka kusema "Wangu!", lakini gari lilikwishapita. Libérat aliingia makazini saa kumi na moja na nusu, akapita ofisini na kurudisha kibali chake kikiwa hai.

Sasa likatokea tatizo ambalo hakuna aliyelifikiria kwenye ile chai. Makoye alikuwa amepanda cheo, na Afisa Mwandamizi hana mamlaka ya kutia sahihi vibali vya makazi, hata kile cha kwenye bahasha. Aliyekuja kushika nafasi yake, Bwana Patrick, alikuwa mtu mwoga aliyeogopa hata kusaini daftari la wageni. Alisema kibali cha michezo hakimo kwenye kanuni, ataandika kuomba mwongozo. Akaandika. Mwongozo ukaombewa mwongozo.

Bwana Silvesta alivumilia mwezi mmoja, kisha akaja mwenyewe.

"Kwa nini uliondoka?" akamuuliza Libérat kwenye uwanja wa kichuguu.

"Kibali, Mheshimiwa."

"Kibali, au hasira?"

"Hasira haina mhuri, Mheshimiwa."

Bwana Silvesta alicheka mpaka akashika neti. Tangu hapo alikuja kila mwisho wa mwezi, na maendeleo yakamfuata kama kumbikumbi wanavyofuata taa. Kwanza lilikuja greda, kwa kuwa gari lake lilivunjika springi. Zahanati ikapakwa rangi, upande ule unaoonekana kutoka uwanjani. Halafu kikachimbwa kisima, kwa kuwa Mheshimiwa hawezi kurudi Sumbawanga na vumbi mwilini. Kwenye taarifa kiliitwa mradi wa jamii, na kweli jamii iliruhusiwa kuteka siku zote isipokuwa mwisho wa mwezi.

Joséline alijaza ndoo ya kwanza, akaionja. "Mbona huyu Mheshimiwa hakufungwa tenisi tangu zamani?" akasema.

Libérat na Bwana Silvesta hawakuwahi kupoteza mchezo pale, kwa sababu masista walikuwa wamezeeka na wageni wengine wote walikuwa na sababu za kikazi. Mvua kubwa za mwishoni mwa 1997 zilibeba madaraja mawili, na kabla hayajatengenezwa Bwana Silvesta akahamishiwa Dar es Salaam. Makoye alibaki mkoani kwenye ofisi isiyo na dirisha, akijaribu kutafuta mtu wa kucheza naye. Wanasema alikuwa anafungwa na kila mtu, hata siku zisizo na upepo.

Libérat akarudi kwenye matofali. Hakuusikitikia mchezo kama watu walivyodhani. Kilichomsumbua ni magoti, na kwamba katika miaka kumi hakuna aliyemuuliza yeye mwenyewe anapenda kusimama upande gani.

Mwaka 1999 Mwalimu Dorice wa Nsemulwa alisikia sifa za kuta zake, akatuma neno kwamba anataka vyumba vitatu vya tofali za kuchoma. Libérat alikwenda ofisini kuomba kibali. Karani Pelagia akatoa fomu mpya, bado inanukia wino. Mwongozo wa Bwana Patrick ulikuwa umefika, baada ya miaka mitatu na ushee.

"Sababu ya safari?"

"Kujenga nyumba."

Pelagia alipitisha kidole kwenye orodha. "Kujenga hakumo. Kuna matibabu, kuna msiba, kuna michezo."

"Msiba umo?"

"Umo, lakini uambatanishe cheti cha kifo. Michezo haina kiambatanisho."

Libérat akaisogelea meza. "Basi michezo."

"Mchezaji au mtazamaji?"

"Mchezaji."

"Wa peke yake au wawili?"

"Wawili. Mwenzangu ni mzee Pontien." Pontien alikuwa mchanganya udongo wake, na hajapata kushika mpira wa tenisi mpaka leo.

Kibali kilikuwa cha siku kumi na nne. Libérat alifunga raketi pamoja na mwiko na kamba ya timazi, polisi wa kizuizini akaigusa na kuwapungia wapite. Wiki mbili zilipokwisha, ukuta wa mbele ulikuwa usawa wa dirisha. Alirudi kuongeza muda, na Pelagia akageuza fomu upande wa pili, ambako kulikuwa na mstari mmoja ulioandikwa: Matokeo.

"Niandike nini?"

Libérat alifikiria ule ukuta. "Andika tumeshinda."

Nyumba ilichukua muda mrefu, kwa sababu Mwalimu Dorice alibadilisha nia kuhusu jiko mara mbili, na mbao za paa zilicheleweshwa na mvua. Alipohamia, alilalamika kwamba kona ya chumba cha nyuma imepinda kidogo, na ni kweli imepinda. Kwenye faili la makazi, hata hivyo, Libérat Nzikobanyanka na Pontien wameshinda mechi kumi na moja mfululizo, zote ugenini, na chini yake Bwana Patrick ametia sahihi na kuandika: Wapongezwe.